Mandhari ya Kubuni: Nuru ya Miti Miwili katika Masimulizi ya Tolkien

Malengo ya sehemu hii

Baada ya kusoma sehemu hii, mtahiniwa uweze:
(a) kueleza maana ya mandhari ya kubuni;
(b) kuonesha jinsi jambo moja la kubuni linavyojenga wakati, wahusika, migogoro na dhamira;
(c) kutofautisha taswira na ishara;
(d) kujibu swali la insha linalohusu mandhari bila kusimulia hadithi nzima.

1. Utangulizi

Watahiniwa wengi wakiulizwa kuhusu mandhari huandika sentensi moja tu: "Mandhari ya hadithi hii ni ya kijijini na mjini." Baada ya hapo huhamia kipengele kingine. Jibu hilo si la uongo, lakini halimpi msahihishaji kitu cha kukupa alama, kwa sababu halisemi mandhari hiyo inafanya kazi gani. Mandhari si pazia lililotundikwa nyuma ya wahusika. Ndiyo inayoamua wahusika wataweza nini, watakosa nini na watagombania nini.

Njia rahisi ya kuliona jambo hili ni kuchukua hadithi ambayo mandhari yake yote imetungwa. Katika hadithi ya namna hiyo mwandishi hawezi kutegemea mazoea yako. Akiandika neno "asubuhi", itambidi kwanza akueleze asubuhi ya huko inatoka wapi. Kwa hiyo kila kitu alichokiweka kinaonekana waziwazi kuwa kimewekwa kwa makusudi.

Mfano tutakaoutumia ni nuru ya Miti Miwili iliyobuniwa na J.R.R. Tolkien. Kumbuka jambo moja tangu sasa: mfano huu ni wa kujifunzia uchambuzi. Swali likikutaka utumie vitabu teule ulivyosoma darasani, tumia hivyo. Utakachochukua hapa ni njia ya kusoma.

2. Mwandishi na kazi yake

John Ronald Reuel Tolkien alizaliwa mwaka 1892 mjini Bloemfontein, katika nchi ambayo leo ni Afrika Kusini, akakulia Uingereza. Alikuwa profesa katika Chuo Kikuu cha Oxford, akifundisha lugha na fasihi ya Kiingereza cha kale. Alifariki mwaka 1973. Wasomaji wengi wanamjua kwa riwaya yake ndefu The Lord of the Rings, iliyotoka kati ya mwaka 1954 na 1955. Masimulizi ya Miti Miwili yamo katika kitabu The Silmarillion, kilichohaririwa na mwanawe Christopher na kuchapishwa mwaka 1977, baada ya kifo cha baba yake.

Tolkien hakutunga tu hadithi za kubuni. Alieleza pia zinavyotakiwa kutungwa. Mwaka 1939 alitoa mhadhara juu ya hadithi hizo katika Chuo Kikuu cha St Andrews, Uskoti. Hoja yake moja inatuhusu sana. Alisema kwamba mtu yeyote anaweza kutamka maneno "jua la kijani". Kazi ngumu ni kutunga ulimwengu ambao ndani yake jua la kijani litaaminika. Maana yake ni kwamba jambo la ajabu halitoshi peke yake. Lazima liwe na kanuni, na kanuni hizo zifuatwe mpaka mwisho. Mhadhara huo ndio ufunguo wa sehemu hii yote.

3. Muhtasari wa masimulizi

Katika ulimwengu huu, mwanzoni hakuna jua wala mwezi. Dunia inalindwa na viumbe wenye nguvu waitwao Valar. Historia ya nuru inapita katika hatua tano.

Hatua ya kwanza: Taa mbili. Valar wanasimamisha taa mbili juu ya nguzo ndefu mno. Taa ya kaskazini inaitwa Illuin na ya kusini Ormal. Nuru yake haibadiliki. Ni kama mchana usiokoma. Melkor, aliyekuwa mwenye nguvu kuliko wote lakini akageuka kuwa adui wao, anaziangusha na kuharibu nchi.

Hatua ya pili: Miti Miwili. Valar wanahamia magharibi, nchi ya Valinor, nyuma ya milima mirefu. Huko Yavanna, mlezi wa mimea yote, anaimba juu ya kilima cha kijani, naye Nienna, mwenye kuomboleza kwa ajili ya dunia, anakimwagilia kilima hicho machozi yake. Inachipua miti miwili. Telperion, mkubwa wao, unatoa nuru ya rangi ya fedha. Laurelin unatoa nuru ya dhahabu.

Hatua ya tatu: Vito. Fëanor, fundi hodari kuliko mafundi wote wa jamii ya Quendi (viumbe wanaofanana na binadamu lakini wasiokufa kwa uzee wala maradhi), anatengeneza vito vitatu viitwavyo Silmaril na kuhifadhi ndani yake nuru iliyochanganyika ya miti yote miwili. Varda, malkia wa nyota, anavitakasa vito hivyo ili mkono wowote mwovu ukivigusa uungue.

Hatua ya nne: Giza. Melkor anarudi pamoja na Ungoliant, kiumbe mwenye umbo la buibui mkubwa. Melkor anaichoma miti kwa mkuki, Ungoliant anafyonza utomvu wake na kutia sumu. Miti inakufa. Yavanna anasema kwamba akipata nuru iliyomo ndani ya Silmaril ataweza kuihuisha. Fëanor anakataa kuvitoa. Mara inafika habari kwamba Melkor amekwisha kumuua Finwë, baba yake Fëanor, na kuviiba vito vyote vitatu.

Hatua ya tano: Mabaki. Kabla ya kukauka kabisa, Telperion unatoa ua moja la fedha na Laurelin tunda moja la dhahabu. Ua linawekwa katika chombo na kuwa mwezi; tunda linakuwa jua. Jua na mwezi tunaoufahamu sisi ni masalia tu ya nuru iliyopotea.

4. Kanuni za nuru hii

Sasa tuitazame nuru yenyewe kwa karibu. Inafuata kanuni tano, na kila kanuni ina matokeo katika hadithi.

Kanuni ya kwanza: nuru hii ni hai. Haitoki katika moto wala chuma, inatoka katika mti. Kitu chenye uhai hukua, huchanua, na kinaweza kuuawa. Taa zilivunjwa kama mtu anavyovunja chungu, lakini miti ilijeruhiwa, ikanyonywa na kufa. Ndiyo maana maangamizi ya pili yanauma kuliko ya kwanza.

Kanuni ya pili: nuru inapishana kwa zamu. Kila mti hung'aa kwa saa 7: huanza hafifu, hufikia kilele, kisha hufifia hadi kuzimika. Lakini kila mmoja huamka saa 1 kabla mwenzake hajazimika. Fanya hesabu mwenyewe. Saa 7 za Telperion na saa 7 za Laurelin ni saa 14. Ondoa saa 2 ambazo miti yote huwaka pamoja, zinabaki 12. Hiyo ndiyo siku moja ya Valinor. Mara mbili kwa siku nuru ya fedha na ya dhahabu huchanganyika, zote zikiwa hafifu. Kwa kanuni hii nuru imekuwa saa. Chini ya taa hakukuwa na zamu, kwa hiyo hakukuwa na kitu cha kuhesabu. Ni tangu miti ilipochanua ndipo hesabu ya wakati ilipoanza.

Kanuni ya tatu: nuru inashikika. Hudondoka kama umande kutoka Telperion na kama mvua kutoka Laurelin. Varda huikusanya katika visima, na kutokana na umande wa Telperion anatengeneza nyota mpya. Kitu kinachoweza kukusanywa kinaweza pia kuwekwa akiba, kunywewa na kuibiwa. Bila kanuni hii Fëanor asingeweza kutengeneza vito, wala Ungoliant asingeweza kuvinywa visima hadi vikauke.

Kanuni ya nne: nuru haifiki kila mahali. Milima inaikinga. Bara la mashariki, Middle-earth, limebaki chini ya nyota tu. Baadhi ya Quendi walisafiri hadi Valinor wakaiona nuru ya miti. Wengine walibaki nyuma. Waliofika wakaitwa watu wa nuru, na wasiofika wakaitwa watu wa giza. Mlima mmoja umezaa matabaka mawili ya watu waliotoka katika asili moja.

Kanuni ya tano: nuru haitengenezwi mara mbili. Yavanna hawezi kuotesha miti mipya kama ile. Fëanor naye anaamini kwamba hawezi kutengeneza vito vingine kama vile. Kila mmoja ametoa kilicho bora kuliko vyote alivyowahi kufanya, na amekifanya mara moja tu. Kanuni hii ndiyo inayofanya ombi la Yavanna liwe zito.

Zingatia: Hata giza la ulimwengu huu lina kanuni yake. Kwa sayansi tunayoifahamu, giza ni ukosefu wa mwanga. Ukiwasha taa, giza halipo. Giza la Ungoliant ni kitu chenyewe, lina uzito, linaziba macho na kulemea moyo, kwa sababu limefumwa kutokana na nuru aliyoila. Usimsahihishe mwandishi kwa kanuni za fizikia. Mhukumu kwa kanuni alizojiwekea.

5. Kazi ya nuru katika vipengele vingine

(i) Nuru na wahusika. Wahusika wakuu tunawajua kwa jinsi kila mmoja anavyoitendea nuru. Yavanna anaiotesha na kuiacha iwamulikie wote. Varda anaikusanya ili kuipeleka mbali, kwa walio gizani. Fëanor anaihifadhi kwa ustadi mkubwa, kisha anaanza kuwaonea wengine wivu wa kuitazama na kuifungia. Melkor anaitamani ili aimiliki peke yake. Ungoliant anaila, na kadiri anavyokula ndivyo njaa yake inavyozidi. Ona kwamba Fëanor amesimama katikati. Si mwovu kama Melkor, lakini ameanza kuelekea upande huo. Mhusika wa namna hii, mwenye mema na mabaya ndani yake, ndiye anayefaa kuchambuliwa kwa kina.

(ii) Nuru na mgogoro. Mgogoro mkuu unafika pale Yavanna anapoomba vito. Lazima uone uzito wa pande zote mbili. Yavanna haombi kwa ajili yake mwenyewe. Nchi nzima imo gizani. Tena nuru iliyomo ndani ya Silmaril ilitoka katika miti yake. Kwa upande mwingine, kazi ya mikono ni ya Fëanor. Ili nuru itoke, vito lazima vivunjwe, na anaona kwamba vikivunjwa, moyo wake utavunjika pamoja navyo. Je, jamii ina haki ya kumdai fundi kazi yake iliyo bora kuliko zote? Je, fundi ana haki ya kuzuia kitu ambacho malighafi yake ilikuwa mali ya wote? Swali la aina hii halina jibu la neno moja, na mtahini analipenda kwa sababu hiyo hiyo.

(iii) Nuru na kinaya. Wakati Fëanor anakataa, vito vimekwisha kuibwa. Yeye hajui. Kwa hiyo angesema "nitatoa" au "sitoi", miti isingepona. Hapa watahiniwa wengi hudhani kwamba basi jibu lake halikuwa na maana. Sivyo. Msimulizi anadokeza kwamba kama angekubali, huenda matendo yake ya baadaye yangekuwa mengine. Jibu lake halikubadilisha hali ya miti, bali lilimbadilisha yeye. Baada ya kukataa, yeye na wanawe saba wanaapa kumwandama yeyote atakayeshika Silmaril. Kiapo hicho kinawafikisha kwenye kuwaua ndugu zao wa jamii moja ili kuchukua merikebu zao. Aliyekataa kutoa vito kwa ajili ya wote aliishia kumwaga damu kwa ajili ya vito ambavyo hakuvishika tena. Mtaka yote hukosa yote.

(iv) Nuru na muundo. Fuata safari ya nuru tangu mwanzo hadi mwisho: kutoka miti hadi vito vitatu, kutoka vito hadi nyota moja. Mwishoni Silmaril moja inabaki angani, ikibebwa na baharia Eärendil. Nyingine inatupwa baharini, na ya tatu inaishia katika moto chini ya ardhi. Katika The Lord of the Rings, iliyowekwa miaka elfu nyingi baadaye, nuru ya nyota hiyo imo ndani ya kichupa anachopewa Frodo na Galadriel. Kichupa hicho ndicho kinachomsaidia yeye na Sam mbele ya Shelob, buibui aliye mzao wa mwisho wa Ungoliant. Kila hatua nuru inapungua, lakini haimaliziki. Tena inakutana na adui yule yule wa zamani, naye amepungua pia. Mwandishi aliyeweka kanuni mwanzoni amezifuata mpaka mwisho.

6. Taswira na ishara

Hapa ndipo alama nyingi hupotea, kwa hiyo soma polepole.

Taswira ni picha inayojengwa kwa maneno ili msomaji aone, asikie, anuse au ahisi. Majani ya Telperion, ya kijani iliyokolea upande wa juu na ya fedha upande wa chini, ni taswira. Umande wa nuru unaodondoka ni taswira. Ukifumba macho unaiona.

Ishara ni kitu kinachowakilisha jambo jingine kubwa zaidi ya chenyewe. Nuru ya miti ni ishara ya kheri ambayo haina budi kuwa ya wote. Silmaril ni ishara ya uzuri unaoweza kugeuka kuwa kifungo kwa aliyeutengeneza. Mikono ya Melkor inayoungua anapovishika vito ni ishara kwamba kitu kitakatifu hakitwaliwi kwa nguvu.

Kitu kimoja kinaweza kuwa taswira na ishara kwa pamoja. Kwanza unakiona, kisha unauliza kinasimamia nini. Ili kuthibitisha ishara, usitoe maana kutoka hewani. Onesha ni tukio gani ndani ya hadithi linaloiunga mkono. Kwa mfano, tunasema vito vinahukumu kwa sababu hata wana wawili wa Fëanor, walipovipata mwishoni baada ya kumwaga damu nyingi, waliungua mikono vilevile. Haki yao ya urithi ilikuwa imefutwa na matendo yao.

Msamiati: Katika Kiswahili, "nuru" na "mwanga" hukaribiana lakini hazilingani. Nuru hubeba pia maana ya kheri na uongofu. Ndiyo maana tunasema mtu ana nuru usoni. Mwanga ni mng'ao wa kawaida unaotuwezesha kuona, na neno hilo hilo kwa maana nyingine humtaja mchawi, ambaye wingi wake ni wanga. Unapochambua ishara njema, "nuru" ni chaguo lililo salama zaidi.

7. Uhusiano na fasihi ya Kiswahili

Mbinu ya kutunga ulimwengu mzima ili kusema jambo kuhusu ulimwengu wetu si ngeni kwetu. Shaaban Robert, katika Kusadikika (1951), alitunga nchi iliyo angani. Karama anashtakiwa huko kwa kutaka kufundisha uanasheria, na anajitetea kwa kusimulia habari za wajumbe waliotumwa kuitafutia nchi mema, kisha wakaadhibiwa waliporudi. Hakuna nchi iliyo angani, lakini msomaji anaitambua dhuluma iliyomo.

Linganisha kazi hizi mbili. Tolkien anatumia nuru, Shaaban Robert anatumia mahakama. Kwa Tolkien, kheri inaangamizwa na wivu na tamaa. Kwa Shaaban Robert, kheri inakataliwa na watawala wasiopenda kukosolewa. Kwa wote wawili, mandhari isiyokuwapo inatumika kuonesha tabia zilizopo. Ukiweza kuandika ulinganisho wa sentensi tatu au nne kama huu, kwa vitabu vyako viwili vyovyote, umekwisha kuelewa sehemu hii.

8. Makosa ya kuepuka

• Kusimulia badala ya kuchambua. Msahihishaji anaijua hadithi. Anataka kujua umeelewa nini. Kila ukiandika tukio, fuatisha maelezo ya tukio hilo linaonesha nini.

• Kuandika "nuru ni wema, giza ni uovu" na kuishia hapo. Katika masimulizi haya mwenye kupenda nuru kupita kiasi naye anaanguka. Tatizo la Fëanor si kwamba aliipenda nuru, ni kwamba aliifungia.

• Kusema kwamba hadithi ya kubuni "haina uhalisia" kwa hiyo haina ujumbe. Miti inayong'aa haipo. Watu wanaozuia mali ya wote wapo.

• Kuchanganya maoni ya mhusika na msimamo wa mwandishi. Fëanor anaamini kwamba ana haki kamili. Matukio yanayofuata yanaonesha kwamba hadithi haimuungi mkono moja kwa moja.

9. Swali la mfano na jibu lake

Swali: "Jambo lisilowezekana katika hadithi linaweza kusema ukweli kuhusu jamii." Thibitisha kauli hii kwa hoja tatu kutoka katika masimulizi ya Miti Miwili.

Jibu:

Jambo lisilowezekana katika fasihi ni tukio au kitu ambacho hakiwezi kutokea katika ulimwengu halisi. Katika masimulizi ya Miti Miwili yaliyotungwa na J.R.R. Tolkien, miti inayotoa nuru ya fedha na dhahabu ni jambo la namna hiyo. Hata hivyo, kupitia nuru hiyo mwandishi anaonesha kweli kadhaa kuhusu jamii.

Kwanza, masimulizi yanaonesha jinsi matabaka yanavyozaliwa. Nuru ya miti inafika Valinor peke yake kwa sababu imekingwa na milima. Quendi walioiona wanaitwa watu wa nuru na waliobaki mashariki wanaitwa watu wa giza, ingawa asili yao ni moja. Vivyo hivyo, katika jamii halisi watu waliokaribia huduma kama elimu na afya huweza kujiona bora kuliko walio mbali nazo, ilhali tofauti yao ni nafasi tu.

Pili, masimulizi yanaonesha ubinafsi unavyoweza kuzuia manufaa ya wengi. Yavanna anapoomba Silmaril ili aihuishe miti, Fëanor anakataa kwa sababu vito hivyo ni kazi ya mikono yake. Anasahau kwamba nuru iliyomo ndani yake ilitoka katika miti iliyowamulikia wote. Katika jamii, mtu anaweza kufanikiwa kwa kutumia rasilimali za umma kisha akakataa kuchangia jamii hiyo inapopatwa na shida.

Tatu, masimulizi yanaonesha kwamba uamuzi mbaya humharibu mwenye kuamua. Vito vilikuwa vimekwisha kuibwa wakati Fëanor anakataa, kwa hiyo jibu lake halikubadilisha chochote kwa miti. Lakini lilimfungulia njia ya kiapo na mauaji ya ndugu zake. Hii ni kweli hata kwa binadamu: uchoyo, hata usipomdhuru mwingine papo hapo, humzoesha mtu njia itakayomwangamiza.

Kwa kuhitimisha, miti inayong'aa haiwezekani, lakini tamaa, ubaguzi na uchoyo vinavyozunguka miti hiyo vipo katika jamii zote. Kwa hiyo kauli iliyotolewa ni sahihi.

Kwa nini jibu hili ni zuri? Utangulizi umefafanua maneno muhimu ya swali. Kila hoja imeanza na sentensi inayoitaja hoja, ikafuatiwa na ushahidi kutoka katika hadithi, kisha ikahusishwa na jamii. Hakuna hoja iliyorudiwa kwa maneno mengine. Hitimisho limerudi kwenye swali na kutoa msimamo.

10. Mazoezi

1. Eleza tofauti kati ya taswira na ishara. Toa mfano mmoja wa kila kimoja kutoka katika masimulizi haya.

2. Kila mti unang'aa kwa saa 7, lakini siku ina saa 12. Eleza kwa nini si saa 14, kisha onesha jinsi kanuni hii inavyoifanya nuru kuwa kipimo cha wakati.

3. "Taa mbili zilivunjwa, Miti Miwili iliuawa." Jadili jinsi tofauti hiyo inavyoathiri hisia za msomaji.

4. Je, Fëanor alikuwa na haki ya kukataa kutoa Silmaril? Toa hoja mbili za kumtetea na mbili za kumpinga, kisha eleza msimamo wako.

5. Chagua kitabu kimoja kati ya vitabu teule ulivyosoma. Taja kitu kimoja katika mandhari yake, kwa mfano mto, nyumba, barabara au shamba. Kwa hoja nne, eleza jinsi kitu hicho kinavyowagusa wahusika, mgogoro na dhamira.

6. Tunga hadithi fupi yenye maneno yasiyozidi 400 kuhusu nchi ambayo nuru yake inatoka katika chanzo ulichokibuni mwenyewe. Kabla ya kuanza kuandika, orodhesha kanuni tatu za nuru hiyo. Ukimaliza, hakiki kama hukuivunja hata moja.

Dokezo la swali la 6: Usianze na ajabu, anza na swali "nani ataikosa nuru hii?" Ukishampata huyo, umeshapata mgogoro wako.